Mtaa wa Watu Wasemao kwa Midomo

Mtaa wa Albion, Padiham
Jumapili, 13 Septemba 1896

Ellis, mjukuu wangu,

Pokea salamu zangu, na za majirani wote, na za paka pia, ingawa yeye hajakuulizia. Mimi mzima. Miguu inavimba jioni, asubuhi inanywea, tunakwenda hivyo hivyo. Anayeniandikia ni Bi Tabitha Pilling wa nyumba ya kona, mpiga kinanda wa kanisani, maana mimi kalamu sijawahi kuishika ila kuiokota ikianguka. Nimemwambia aandike kila ninachosema na asinipambe. Sasa ananitazama vibaya. Andika na hilo, Tabitha.

Huku tumeletewa mhubiri mpya. Mtu mwema, lakini ndevu zake zimeufunika mdomo wote. Sasa sisi wafumaji, masikio yetu yameliwa na mashine za kiwandani, tunasikia kwa macho. Utasomaje midomo iliyojificha kichakani? Tumekaa wiki tatu tunatazama ndevu zikitikisika, hatujui kama tunabarikiwa au tunatukanwa. Alice Sagar, mfumaji mwenzetu, akachoka. Akamfuata mlangoni: "Mchungaji, ama unyoe, ama uhubiri kwa mikono." Jumapili hii kaja kanyoa. Kumbe ana kidevu kidogo kama cha mtoto, maskini.

Sasa neno langu. Ulipokuja Agosti uliniimbia jikoni, nami nikakuwekea kiganja mgongoni kama nilivyofanya tangu mama yako alipotutoka ukabaki mikononi mwangu. Hivyo ndivyo ninavyokusikia, unajua. Sauti yako inaniingia kwa mkono. Safari hii mkono ulihisi kitu. Ni kama uzi umekatika ndani ya kitambaa na mashine bado inakwenda. Sikusema, maana ulikuwa unacheka, na mimi sipendi kumkatiza mtu kicheko.

Koo lako likoje? Nijibu hilo, mengine baadaye.

Bibi yako,
Keziah Holgate


Derby
Jumapili, 4 Oktoba 1896

Bibi yangu mpenzi,

Shikamoo Bibi, na umpe shikamoo yangu Bi Pilling. Nimecheka habari ya ndevu mpaka mwenye nyumba akagonga ukuta. Nafurahi kusikia u mzima. Iweke miguu juu ya kigoda jioni, usiwe mbishi.

Mimi nakuandikia mzigo ukiwa mlangoni. Kila Jumapili ni treni. Siku hiyo watu wa heshima wako kanisani, kwa hiyo reli inabaki kwa samaki na waigizaji, na samaki hupewa nafasi nzuri zaidi. Kwenye stesheni ya Crewe tulikutana na makampuni mengine mawili, wote tumeganda kwa baridi, tunaulizana: "Mnatoka wapi? Kitanda cha kule kina kunguni?" Kisha kila mmoja anakimbilia treni yake. Nimeanza kusahau tulikotoka. Jumatatu iliyopita nilishukuru watu wa Leicester kwa ukarimu wao, na ukumbi ulikuwa wa Derby.

Kazi inakwenda vizuri sana. Katika mchezo wetu mimi ndiye mtunza bustani anayempenda binti wa meya. Binti ni Bi Rosina Tarrant, mama wa watoto wawili, mcheshi, ananifinya mkono tukiwa katikati ya mapenzi. Meya ni mzee Gadsby, mwenye sauti nene na magoti mabovu. Watu wanapiga makofi kila jioni. Bwana Fairbrass, mwenye kampuni, anasema jina langu la jukwaani, Lionel Vane, litafika mbali. Kiongozi wa bendi ameushusha kidogo wimbo wangu wa bustani, kwa sababu ya hali ya hewa tu, mambo ya kawaida.

Nakutumia tangazo letu lenye picha yangu. Libandike jikoni.

Mjukuu wako,
Ellis


Mtaa wa Albion, Padiham
Jumapili, 18 Oktoba 1896

Ellis,

Salamu nyingi, baba. Kwangu heri, isipokuwa bomba la uani linavuja na mwenye nyumba anasema ni umande. Alice Sagar amepata mjukuu mwingine, kichwa kikubwa, anafanana na babu yake masikini ya Mungu. Nilimpelekea supu ya mbaazi.

Tangazo nimelibandika. Lakini huyo Lionel Vane simjui. Ana nywele zilizopakwa mafuta na anatazama pembeni kama anayedaiwa. Mimi nilimlea Ellis Holgate, aliyekuwa anachomoa matandu ya sufuria kabla chakula hakijapakuliwa. Ukimwona huko mwambie bibi yake anamtafuta.

Bi Pilling amenisomea barua yako mara mbili, midomo yake taratibu, na mara zote mbili sikuliona koo. Bomba nimeliona, kunguni nimewaona, koo hapana. Ndipo nikamuuliza hiyo habari ya kushusha wimbo ni nini. Akaanza kuikunja barua. Nikamwambia, "Tabitha, mimi kiziwi, si mjinga." Ndipo akasema wimbo hushushwa mwimbaji anaposhindwa kufika juu. Anasema ni kama kumsogezea mtu rafu ya chini. Sasa wewe tangu lini unasogezewa rafu? Ulipokuwa na miaka kumi na saba ulikuwa unapiga noti ya juu mgongo wote unatetemeka chini ya mkono wangu, mpaka kikombe changu cha chai kinapata mawimbi.

Wazee wa kanisa wanauliza kama utakuja Krismasi kuimba sehemu ya tenori. Wamekuwekea nafasi. Nimewaambia nitakuuliza, sikuwaahidi.

Kunywa asali na kitunguu kilichochemshwa. Utanuka, lakini huyo Rosina ana mume wake, hana haja na harufu yako.

Bibi


Norwich
Jumapili, 29 Novemba 1896

Bibi yangu,

Nisamehe kwa kuchelewa. Barua yako ilinifuata Northampton nikiwa nimeondoka, ikaja Cambridge nikiwa nimeondoka, ikanipata huku imechakaa kuliko mimi. Hongera kwa Alice. Pole kwa bomba.

Sina mengi. Tunakwenda tu. Mji, kitanda, jukwaa, treni, mji. Nikiamka sijui mlango uko upande gani, napapasa ukuta kama mwizi. Hata nikipata siku ya kupumzika siwezi kukaa. Natembea mtaani mpaka viatu vinaloa, narudi, natoka tena. Mwenye nyumba wa huku kaniuliza, "Bwana Vane, unamkimbia nani?" Nikamwambia namkimbia samaki wake wa kukaanga. Hakucheka.

Nimepata rafiki, Percy Lunt, mmoja wa wanakwaya wetu. Ana uso kama kiazi kilichochimbwa na jembe, lakini sauti yake, Bibi, ni maji safi. Hawezi kupewa nafasi ya mpenzi kwa sababu ya uso ule, naye analijua hilo na hana kinyongo. Tunasaidiana mambo fulani fulani.

Krismasi sitaweza kuja. Tuna maonyesho mchana na jioni. Waambie wazee wa kanisa wampe nafasi mtu mwingine, na unisamehe.

Asali nakunywa.

Ellis


Mtaa wa Albion, Padiham
Jumapili, 6 Desemba 1896

Ellis,

Salamu. Sote wazima. Bomba limeganda, kwa hiyo halivuji tena.

Wazee wa kanisa nimewaambia. Walisikitika kwa adabu, wakamchukua mwana wa mwokaji mikate, anayeimba kama mtu aliyekanyagwa kidole.

Hujanijibu. Sawa. Mbegu ya ubishi niliipanda mwenyewe, sasa nakula matunda. Lakini Alice alikwenda Burnley kununua viatu akaona tangazo kubwa ukutani: kampuni ya Fairbrass itakuja Januari, wiki nzima. Burnley! Naweza kwenda kwa miguu nikiwa na hasira, na hasira ninayo. Jumamosi viwanda vinafungwa adhuhuri, tutakuja onyesho la mchana, mimi na Alice na wanawake wa kiwanda chake. Tutakaa juu kabisa, karibu na paa, kule wanakokula machungwa.

Usiniandikie kwamba ngazi ni nyingi.

Bibi

Mimi Tabitha Pilling naongeza bila yeye kujua: hali yake nzuri, lakini kila jioni hulibandua tangazo lako ukutani, huliweka mapajani na kukipitisha kiganja juu yake. Mwandikie vizuri.


Hull
Jumapili, 10 Januari 1897

Bibi mpenzi,

Heri ya mwaka mpya, na kwa Alice na Bi Pilling pia. Natumaini bomba na miguu vyote vinaendelea vizuri. Mimi nipo.

Nakuomba usije Burnley. Najua ulivyosema, lakini ngazi za kule juu kweli ni nyingi, na baridi ya Januari si mzaha. Tena tuseme ukweli, Bibi, utapata nini? Ni watu wanaimba, nawe umekaa mbali, huwezi kuniwekea mkono mgongoni. Utatoka umechoka bure. Nitakuja mwenyewe nyumbani Jumapili ile kabla ya treni. Nitakula matumbo kwa vitunguu, nitakuimbia jikoni, uone kila kitu kiko sawa.

Nimekuahidi. Basi usije.

Ellis


Mtaa wa Albion, Padiham
Jumapili, 31 Januari 1897

Ellis,

Salamu zako zimefika, mwenyewe hukufika. Matumbo nilipika. Vitunguu nilikata. Nilikaa na kofia yangu ya kanisani kichwani mpaka treni ya mwisho ikapita, nikaihisi kwenye sakafu. Paka kala sehemu yako na hakuomba samahani, kama wewe.

Jumamosi nilikuja. Ngazi ni nyingi kweli. Baada ya pazia tulizunguka nyuma, mimi na Alice, tukasimama kwenye mlango wa waigizaji. Mzee Gadsby alitoka anachechemea, akasema kwa adabu kwamba Bwana Vane amepitia mlango wa mbele. Mwanamume mzima anamkimbia kikongwe mwenye mwavuli!

Sitasema nilichokiona. Nataka uniambie wewe. Nimekaa hapa, mikono iko mapajani, nasubiri. Nikiambiwa na mwenye koo itaniuma kidogo kuliko kuona mwenyewe.

Bibi


Wolverhampton
Jumapili, 14 Februari 1897

Bibi,

Natumaini u mzima na Bi Pilling mzima.

Nisamehe kwa ile Jumapili. Bwana Fairbrass aliniita. Ana habari kubwa. Kampuni inakwenda Australia. Meli inaondoka mwishoni mwa Machi, mwaka mzima na zaidi, miji ambayo hata majina yake sijui kuyatamka. Ananitaka mimi niwe tenori wa kwanza. Mkataba uko mezani hapa ninapoandika, natakiwa kutia saini kabla Machi haijafika katikati. Huko ni joto, hewa kavu, kila kitu kitakuwa tofauti. Nikibaki hapa nitapata wazimu. Nahitaji kwenda, Bibi. Kokote.

Unasema unasubiri nikuambie. Nikuambie nini? Ulikaa kwenye roshani ya juu na machungwa. Jioni zote hizi watu wanalipa kunisikiliza, na wewe peke yako ndiye unayejua kwamba kuna kasoro? Nimevumilia maswali yako tangu Septemba. Basi nitasema, na unisamehe: hujawahi kunisikia hata siku moja maishani mwako. Hujui sauti yangu ilikuwaje na hujui ikoje.

Jambo moja tu lilikuwa la ajabu Burnley. Bwana Fairbrass bado anashangaa. Watu wa juu walicheka mahali pasipo na kichekesho, na mahali pa makofi makubwa wakakaa kama mawe. Anasema hajawahi kuona watu wa namna hiyo.

Ellis


Mtaa wa Albion, Padiham
Jumapili, 21 Februari 1897

Ellis, mwanangu,

Salamu zote, na leo nakupa mbili mbili maana utazihitaji. Mimi mzima. Bi Pilling alipofika pale pa "hujawahi kunisikia" alifunga mdomo akataka kuruka mstari. Nikamshika kidevu. Akasema. Halafu akalia yeye, mimi sikulia. Nilikwenda kupanga makaa.

Ni kweli. Sijawahi. Mashine ziliyachukua masikio yangu kabla hujazaliwa. Sijui sauti yako ni ya dhahabu au ya bati, naambiwa tu. Umeridhika? Sasa nyamaza unisikilize, maana wewe una masikio na huyatumii.

Bwana Fairbrass anashangaa kwa nini tulicheka. Yeye mgeni, ana haki. Lakini wewe, Ellis! Umezaliwa Padiham, umenyonya Padiham, ukajifunza kusema kwa midomo bila sauti kabla hujajua kufunga kiatu. Kwa nywele zile za mafuta umesahau ulikozaliwa. Mlikuwa mnanong'onezana jukwaani mkidhani muziki umewafunika, na kule juu walikaa wafumaji safu nne, wanawake wanaopigana umbea kiwandani huyu ukuta huu na yule ukuta ule, mashine zikinguruma katikati. Neno lolote lililotoka midomoni mwenu lilitufikia mezani kama chai.

Mzee Gadsby alipopiga goti kumbariki bintiye, alisema hivi, nimemwona: "Ee goti langu wee, nikikwama hapa mtanizika hapa hapa, na yule mama mwenye nyumba na samaki wake wa juzi ndiye aliyeniua." Ndiyo maana tulicheka. Alice alidondosha chungwa, likampata mtu wa chini.

Kisha mkaingia wewe na Rosina kwenye bustani. Ulikuwa umemshika kiuno, uso wako kwake, ukumbi mzima unadhani ni mapenzi. Yeye akasema, "Umetema damu tena?"

Ukasema, "Kidogo. Niko sawa."

"Sawa wapi, mpumbavu we? Daktari wa Norwich alisemaje?"

"Kasema nikae kimya. Nisiimbe, nisiseme hata neno moja, mpaka masika yaishe. Kimya kitanilisha nini mimi, Rosina?"

"Na Percy yuko tayari?"

"Yuko nyuma ya mti."

Halafu ukaja mbele, ukanyoosha mkono, ukafungua mdomo kwa ile noti ya juu, na shingo yako ililala. Hata mshipa mmoja haukusimama. Mimi naijua shingo yako inapoimba, nimeipangusa maziwa. Watu wenye masikio walisikia sauti nzuri wakapiga makofi. Sisi tuliona mtu aliyefungua mdomo na kufumba koo, na nyuma ya mti wa karatasi kofia ya mtu mwingine inatikisika.

Ndipo safu nne zikageukiana. Wewe hukuweza kuona kwa sababu ya taa. Mmoja akasema, "Siye anayeimba!" Mwingine akasema, "Tumelipia midomo mitupu, tumzomee." Unawajua wanawake wa huku. Wakishika mtu kwa kuzomea, pazia lenyewe huomba radhi. Alice Sagar akasimama, akawageukia wote, akasema kwa midomo tu, midomo ikifunguka kama lango: "Huyo ni wa Keziah. Anaumwa. Atakayefungua domo nitamla." Safu nne zikanyamaza. Hatukupiga makofi, kwa sababu kupiga makofi ingekuwa uongo. Lakini ulipotoka mwisho kuinama, ulikuwa umejikunja hivi, unatafuta pa kutokea, tukasimama wote. Hapo tulipiga. Tulikupigia wewe, noti hatukuijali. Hukujua, ukakimbilia mlango wa mbele.

Tangu siku ile mtaa mzima unajua, na hakuna aliyekutaja kwa ubaya.

Sasa hili la Australia. Ukitia saini, utapanda meli na koo linalotoa damu, na utaimba kila siku ya kazi, na Percy ataimba nyuma ya miti yote ya Australia mpaka Fairbrass achoke kulisha watu wawili kwa sauti moja. Atakuacha huko. Na sauti itakuwa imekwisha, haitarudi masika wala kiangazi. Unasema unahitaji kwenda kokote. Mwanangu, umekwenda kokote tangu Septemba, na popote uliposhuka koo lako lilishuka nawe.

Uliuliza kimya kitakulisha nini. Hukuniuliza mimi, uliuliza Rosina, lakini nilikuona na nakujibu mimi. Hapa kimya kinalishwa. Uko wapi mtaa mwingine katika Uingereza ambako mtu anaweza kukaa mpaka masika yaishe bila kutoa sauti, na asiwe bubu? Hapa utanunua mkate kwa midomo, utagombana na mwenye nyumba kwa midomo, utamsengenya mhubiri mbele ya uso wake. Bi Pilling anasema kanisa la juu linahitaji mtu wa kunakili karatasi za muziki, kazi ya mkono, koo halihusiki. Kitanda chako kiko pale pale. Mlango uko upande wa kushoto.

Kama koo litapona, utaniimbia jikoni na mkono wangu utajua kabla yako. Lisipopona, bado nina mjukuu. Mimi sikukulea kwa sababu ya sauti, maana nisingeisikia.

Rudisha ule mkataba.

Bibi yako Keziah


Bradford
Alhamisi, 11 Machi 1897

Bibi,

Shikamoo. Naandika fupi.

Barua yako nimeitembeza mfukoni tangu Sheffield mpaka hapa. Nilikuwa naisoma treni zikibadilishwa. Nimekusoma ukinitukana, nikakasirika. Nimesoma habari ya Alice, nikatoka nje kutembea, nikatembea mpaka mji ukaisha.

Jumanne niliimba wimbo wa bustani mwenyewe. Nilimwambia Percy asije nyuma ya mti. Nilitaka kujua. Katikati sauti ilikatika kama ulivyosema, kama uzi, na mashine ikaendelea kwenda. Bendi ilipiga, mimi nimesimama. Rosina aliimba sehemu yangu na yake, akanikanyaga mguu nisianguke.

Fairbrass amempa Percy nafasi. Watampaka rangi usoni. Nimefurahi kwa ajili yake, namaanisha hivyo.

Sikutia saini.

Daktari wa hapa kasema kama yule wa kwanza, ila kwa ukali zaidi. Tangu jana sijasema neno. Mwenye nyumba anadhani nimechukia chakula chake, na mimi siwezi kumwambia kwamba safari hii ni kitamu.

Lile neno nililokuandikia toka Wolverhampton. Bibi, sijui niliandikeje.

Nakuja Jumamosi, treni ya adhuhuri. Naogopa mtaa mzima utakuwa mlangoni.

Ellis


Mtaa wa Albion, Padiham
Ijumaa, 12 Machi 1897

Ellis wangu,

Salamu fupi kwa barua fupi. Bi Pilling ataikimbiza hii posta akiwa na slipa.

Neno la Wolverhampton nililitupa kwenye makaa siku ile ile nilipoyapanga. Usilitafute.

Mtaa utakuwa mlangoni, nimeshindwa kuuzuia. Alice ameoka keki ya tangawizi, ngumu, utaitafuna hadi Pasaka. Lakini nimewapa amri: hakuna kuuliza lolote la Fairbrass, na atakayekuomba wimbo atakutana na mwavuli wangu. Mhubiri atakuja pia. Amenyoa tena kwa heshima yako, anajifunza kusema kwa midomo, anakosea vibaya, jana amemwambia Alice kwamba yeye ni ng'ombe. Alikusudia kumwita mwema. Utamfundisha.

Sasa nisikilize jambo la stesheni. Treni ya Bradford inasimama upande ule wa mbali, na daraja la kuvukia lina ngazi zinazoshindana na za Burnley, kwa hiyo mimi nitabaki upande huu, kwenye benchi. Utaniona, nitakuwa na kofia ya kanisani. Kutakuwa na moshi na kelele, na mabehewa ya makaa yakigongana. Watu wote watakuwa wanaitana kwa makoo yao na hawasikiani.

Wewe usiite. Weka mzigo chini, subiri moshi upite, unitazame. Halafu niambie lolote ulilonalo, taratibu, kwa midomo tu. Reli mbili hazinizuii.

Nitakusikia.

Bibi